Mizani

Fomu ina mistari kumi na tisa.
Mstari wa kumi na moja unauliza:
Marehemu aliingiza kiasi gani kwa mwezi?
Ambatisha uthibitisho.

Mama ananitazama mimi.
Mimi natazama feni.

Baba yangu, Singano Mbaruku, fundi mizani,
Ngamiani, barabara ya kumi na mbili,
kibanda cha bati pembeni ya mnoa visu,
hakuandika risiti hata siku moja.
Mwenye elfu mbili alilipa elfu mbili.
Mwuza dagaa alilipa dagaa.
Chande wa bucha alimlipa kila Ijumaa
nusu kilo ya steki,
naye baba aliipima upya mbele ya wateja
akakata kipande, akarudisha:
"Imezidi."

Lori lilimkuta Pongwe, nje ya mstari mweupe,
mkoba wa mawe ya kupimia begani.
Tuliletewa jiwe la kilo mbili, la kilo, la nusu.
La robo halikuonekana.
Trafiki akavuta utepe juu ya lami,
akachora: hapa tairi, hapa kiatu.
Dereva alikuwa na karatasi ya mizani mfukoni.
Uzito wa lori ulikuwa halali.

Tangu hapo tumekuwa watu wa bahasha.
Cheti cha kifo kinasema Singano Mbaruku.
Leseni ya kibanda inasema Mbaruku Singano.
Kadi ya kura imemwongezea babu: Singano Mbaruku Mhando.
"Hawa ni watu watatu, mama," karani akasema, kwa upole kabisa.
"Sisi tunalipa mtu mmoja."
Tukaenda kuapa kwamba alikuwa mmoja.
Kiapo nacho kina bei, na muhuri, na njoo kesho.

Eda ilimweka mama ndani miezi minne na siku kumi.
Kwenye faili wameandika: mdai alichelewa.

Baba mdogo Semboja hajachelewa.
Kila akipita hupiga hodi, hukataa chai,
huuliza, "Zimetoka?"
kama mtu anayeulizia mkate wa mofa.

Basi tukashika daftari, mimi na mama,
duka kwa duka, meza kwa meza,
kila mteja aandike alichokuwa akilipa.
Mpemba wa karanga akaandika, akatia dole gumba.
Bibi wa ndimu hajui kuandika, akanitajia,
kisha akageuza uso, akapangua ndimu zilizokwisha pangwa.
Chande akaandika: elfu sitini kwa mwezi.

Usiku mama akanisomesha daftari zima.
Nilipofika kwa Chande akaniinulia kidole.
"Alikuwa akilipa nyama."
"Anatusaidia, mama."
"Futa."
Nikafuta. Karatasi ikatoboka.
Baba alipenda kutunga mashairi ya kuchekesha,
vina vyake vilikuwa ovyo, alivichomeka popote,
lakini silabi alizihesabu kwa vidole, mara mbili,
na ubeti uliopungua aliutupa jikoni.

Leo karani amejumlisha.
Laki moja na elfu arobaini na tatu.
Mara kumi na mbili, mara miaka iliyobaki hadi sitini.
Tarakimu zikawa ndefu; nikaona mlango mpya,
ada ya shule, bati lisilovuja.
Halafu akabonyeza kitufe kingine.
"Tunatoa theluthi," akasema.
"Ya nini?"
"Ile ambayo marehemu angetumia mwenyewe.
Chakula chake, mavazi yake. Ndivyo inavyopigwa."

Feni ikazunguka.
Mama akaweka kiganja juu ya meza,
taratibu, kama mtu anayesubiri mshale utulie.

"Mwanangu," akasema, "yule hakuwa mlaji."

Karani hakuandika kitu.
Mstari wa hilo haupo kwenye fomu.

Nyumbani mizani yake ingali dirishani.
Jirani akija kupima robo ya choroko
tunaweka pakiti ya chumvi mahali pa jiwe,
na mama huongeza punje kadhaa upande wa mteja,
kwa kuwa chumvi, anasema, hunywa unyevu
na kujidai ni nzito.