Athari Moja

Watu wa Maskati wakituuliza Bahla kuna nini,
huwaambia: vyungu, na ukuta mrefu.
Ya mahakama hatuyasemi.

Iko nyuma ya soko la mbuzi, falaji inapogawanyika:
chumba kimoja, kiyoyozi kinachovuja,
na uani kijiti cha kupimia kivuli.
Hapa nusu saa ya maji huitwa athari.
Mtu huwa na hati yake, huirithi, huiweka rehani,
na waliozoea kuuza maji kwa saa
hawakuona ajabu kuziuza saa zenyewe.
Anayetembea ndani ya falaji kinyume cha maji,
miguu mitupu, bila kugeuka, hufika jana.
Akizidi, hufika juzi, na mwaka juzi.
Tabu si kwenda.
Tabu ni kwamba kila athari ina mwenyewe.

Mimi mkalimani. Nilizaliwa Wete, nikaletwa huku na miaka tisa.
Hulipwa riali kumi na mbili kwa kesi,
na kama kila aingiaye hutoa ada ya mlangoni:
alasiri moja ya utotoni.
Sijui nimebakiwa na ngapi.
Palikuwa na mkarafuu, na mtu juu yake akicheka.

Jumatatu ile: Shinuna binti Zahran, muuguzi mstaafu,
dhidi ya nduguye Muhanna, wa visima vya mafuta Fahud.
Mama yao alifariki mwaka wa kimbunga.
Shinuna alikuwa kamshika mkono.
Muhanna alikuwa jangwani, barabara imekatwa na wadi.
Akavumilia miaka kumi na saba. Kisha akavua viatu.

"Sasa nikikumbuka," anasema Shinuna, "niko nje ya mlango.
Nasikia wanaongea ndani. Kiganja changu hakina kitu.
Kaninyang'anya nusu saa, na sina nyingine kama ile."

Muhanna hakukana. Alitazama vidole vyake vya miguu,
vingali vimekunjamana kwa maji.
"Yeye alikuwa naye siku zote.
Mimi nimechukua athari moja."

Huku shahidi ni kivuli; hakidanganyi, maana hupimwa.
Arifu Hamyar akavipima vyao kwa nyayo, mara mbili.
Vikalingana.
"Basi aitwe mwenye athari."
"Nani?"
"Aliyekuwa akifa. Nusu saa ilikuwa yake."

Maji yakasimama mferejini.
Ikaja harufu ya dawa ya hospitali,
kisha neno moja, la Kiswahili,
kwani Kiarabu chake kilikuwa cha kupokelea wageni:

Nipisheni.

Wote wakanigeukia.
Nimeshatafsiri talaka, mirathi, matusi.
Lakini hili ni neno la mtu mwenye sinia la moto,
la mwanamke anayekatisha baraza ya wanaume,
halina hasira, wala halina kwaheri.
Ningeweza kusema: anataka maji.
Ningeweza kusema: anawapenda.
Ila nilikula kiapo mguu ukiwa majini,
na maji ya hapa humng'ang'ania mwongo kifundoni.
Nikasema: "Anaomba njia. Anaomba watoke, wote wawili."

Hukumu isiyo na vina haishiki wakati; ndiyo sheria.
Arifu akaitoa kwa Kiarabu,
nami nikaifunga kwa Kiswahili, nikihesabu mizani kwa vidole:

*Athari ni ya mwendaji, si mali ya kurithika,*
*Mkono hauhitaji, njiani akishafika,*
*Yaulizeni na maji, yazuiwapo, hutoka,*
*Tokeni nyote wawili, mlango umefungika.*

Maji yakaanza tena kwenda.
Nikaona nyuso zao zikibadilika kwa pamoja:
sasa wote wanakumbuka ngazi ileile,
usiku uleule, mvua, viatu vimechanganyika,
na ndani kimya cha mtu aliyeachwa afanye lake.

Hakuna aliyekata rufaa.
Nikatia saini, nikapokea riali zangu.
Mlangoni Muhanna alikuwa ameinama anavaa soksi,
kaziba njia yote.
Shinuna akafungua mdomo,
akaufunga.
Akasubiri amalize.