Silinda ya Tatu

Miezi saba Mbaruku yuko chini ya Kresida
ya themanini na tano, uchochoroni Hillfields, Coventry,
miguu tu nje, soksi zimetota kwa manyunyu.
Kaishusha mpaka inakaribia kubusu lami.
Rimu za rangi ya shaba kazitoa Leicester,
kwa mtu aliyelia akiziuza.
Chumvi wanayomwaga barabarani Januari
ilishatafuna ukingo wa milango:
kakwangua, kapaka, kakwangua tena.
Rangi? Kijani cha kisamvu kilichoiva.
Mkewe kasema, "Mimi hujanipaka hata losheni."

Jumapili akawasha.
Vikombe vikacheza kabatini mtaa mzima,
na Bi Pargeter wa namba kumi na nne
akatoka na ndara zake.
Miaka thelathini alifunga injini kiwandani,
za magari ambayo siku hizi hayapo.
Tukajua leo ni matusi.

Akasimama. Akatega sikio
kama anayesikiliza kifua cha mtoto.
"Ya tatu," akasema. "Silinda ya tatu inakohoa.
Nipe spana ya kumi.
Na wewe, usinizibie mwanga."

Mbaruku akasogea.