Mgongo wa Kabaila

Kitabu kimeletwa karakana ya Ndanda
kimefungwa kamba ya katani, mgongo umeng'oka.
Bruda Wendelini ananisomea, chai yake inapoa:
huyu Ludolfu, kabaila wa Tanenfurti,
alirithi ngome akiwa na miaka kumi na miwili,
akatoza ushuru wa daraja, wa kinu, wa mizinga ya nyuki,
hata wa kuni zilizojiangukia zenyewe.
Aliyeokota bila ruhusa alichapwa mgongoni.

Wake watatu aliwazika.
Mwanawe alipomgeukia, akamfungia mnarani,
akamlilia usiku,
asimfungulie.

Ukurasa wa mia na tatu, ramani:
mchwa wetu wameitafuna mashariki yote,
wamevuka mto bila kulipia daraja.

"Alikufa na nini?"
"Jino," anasema Bruda.
Tunacheka. Kisha mimi nanyamaza,
maana babu yangu Nandonde alilipa kodi ya kibanda
kwa wenye lugha hiihii,
na risiti yake ingali Chikundi,
ndani ya kopo la majani ya chai,
imekunjwa mara nne.

Nakoroga gundi ya muhogo.
Natoboa kwa msharasi, napitisha uzi,
namshona Ludolfu mgongo
taratibu, kama mtu anayeogopa kuumiza.
Sijui kwa nini.

Atakaa rafuni
baina ya kitabu cha ufugaji nyuki
na kamusi ya Kimakua.
Gundi hukauka siku mbili;
mvua ikinyesha, tatu.