Jasho la Julai

Kiborloni, saa moja asubuhi, baridi
ya kufanya ndizi zenyewe zijikunyate,
na Mama Aikande analowa jasho.

"Gesi tu. Jana nilikula maharage."
Mkono wa kushoto anausugua
kama wa kuazima.

Baba yangu naye alisema gesi.
Sibishani na maharage.
Natazama midomo: jivu.
Nauliza taya. "Ee, na taya, tangu alfajiri."
Nambandika nyaya kifuani, chini ya kanga;
karatasi inatoka, na mstari
umeinuka pale ulipopaswa kulala.

"Tafuna, mama. Usimeze. Tafuna."
Aspirini chungu. Anakunja uso, ananitukana Kichaga,
nami nafurahi:
mwenye pumzi ya kutukana bado yupo.

Ndelilio anapiga simu hospitali,
anataja dakika kabla ya jina.

Tunapomwinua anang'ang'ania mkungu wa mwisho.
"Nani atauza?"
Jirani, mshindani wake wa miaka tisa,
hajibu. Anauvuta mkungu upande wake,
anamgeukia mteja,
anataja bei ya Aikande, ileile,
hapunguzi hata shilingi.

King'ora tunakiwasha tukifika lami.