Kijani cha Agosti

Agosti, Iyumbu nzima ina rangi ya gunia.
Upepo unabeba vumbi la viwanja visivyojengwa,
nyasi zimekuwa mabua, mabua yamekuwa majivu,
na mwarobaini wangu, peke yake,
kijani kibichi, kama umeoga alfajiri.

Wageni niliwaonyesha.
"Huu haujui kiangazi," nikajisifu,
kama mama wa mtoto asiyeugua.
Sikuuliza anakula kwa nani.

Ufa ulianza chini ya dirisha la bafu,
mwembamba, mstari wa penseli.
Usipoziba ufa, tulifunzwa.
Niliuziba mara tatu, mfuko na nusu wa saruji,
na ukuta nikaujenga vilevile.

Ndipo akaja Mbijima na sururu,
kijana wa Mvumi, mikono mirefu, maneno haba.
Nikamwonyesha shina: chimba hapa.
Akatikisa kichwa.
Akahesabu hatua kumi na moja, akavuka kivuli,
akapiga goti pale pasipo na mti.

Kiwiko kimoja tu chini, akaupata:
mnene kama mpini wa jembe,
umelala chali, unasafiri.

Darasa la tano nilichora mti kwenye daftari,
matawi juu, mizizi chini, sawa kwa sawa,
kama mtu na sura yake kisimani.
Mwalimu Malugu alinipa kumi kwa kumi.
Leo nimesimama mtaroni nazirudisha zile alama,
moja moja.
Chini huku hakuna pacha wa matawi.
Kuna mkeka.
Ardhi yetu ikishapita kiwiko ni kigae,
na mzizi hauna wazimu wa kukitoboa kigae.
Unapita pembeni, taratibu, unanusa,
unavuka kivuli chake na kwenda mbali,
mbali kuliko urefu wa mti wenyewe.

Tukaufuata.
Chini ya tuta la mchicha uliodumaa mwaka mzima,
nikalaumu mbegu.
Chini ya tofali la nne la njia, lililoinua kichwa,
mama mkwe akajikwaa,
nikalaumu miwani yake.
Mpaka ukutani, mpaka kwenye kiungo cha bomba,
na hapo
tundu dogo kuliko punje ya mtama,
na mizizi laini kama nywele za mtoto mchanga
imelizunguka, imebana, inanyonya
kimyakimya, bila kumwaga hata tone.

Lechipya, mpangaji wa chumba cha uani,
miezi minane nimemtoza nusu ya bili.
Nilisema anafua usiku.
Nilisema, na jirani akasikia.

"Ng'oa," nikamwambia Mbijima.
Akafuta jasho kwa kiganja cha udongo.
"Dada, mzizi haujui kutoboa bomba zima.
Lilivuja kwanza. Huu uliitwa."

Husema mwarobaini ni dawa ya maradhi arobaini.
Langu lilikuwa la arobaini na moja,
na mti uliliona
kabla ya mimi, kabla ya fundi, kabla ya mita.

Hatukuukata.
Kiungo kimefungwa kipya, udongo umeshindiliwa,
na ule mzizi mmoja wa bafuni
Mbijima aliukata kwa msumeno, mkato safi,
akaufukia kama anayemfunika mtu usingizini.
Maji ya kuoshea vyombo simwagi tena shinani.
Shinani hakuna kinywa.
Nayapeleka kule uzioni, kivuli cha adhuhuri kinapoishia,
na kila Jumamosi naongeza hatua moja,
namvuta mgeni polepole atoke sebuleni.

Septemba majani machache yamegeuka manjano.
Naona sasa: hata huu hupukutisha,
ila kidogokidogo, pasipo kumtangazia mtu.
Niliyafagia. Kesho yake nikayaacha.

Lechipya nimemrudishia elfu arobaini na nane.
Alizihesabu mara mbili, hakusema kitu,
akachukua kigoda chake
akaenda kukaa chini ya mti.