Bwana Mvua

Jina lake lilikuwa juu ya jalada, upande wa kushoto,
herufi kama vijumba vyenye dari na milango.
Sikuweza kuzisoma. Nikamwita Bwana Mvua,
maana kila filamu yake ilinyesha,
na sisi huku Newala
ndoo ya maji ni shilingi mia tano.

Ya kwanza: mzimu ndani ya kisima cha shule.
Kibanda kizima kikacheka.
Chilumba, benchi la nyuma, akauliza:
"Sasa wanakimbia nini, na maji yapo?"
Nikashika kipaza sauti. Kikorea sijui hata salamu.
Nikampa mzimu sauti ya shangazi Somoe
akidai chenji yake.

Ya pili, muuza nyama na shoka lake, kisasi.
Ya tatu, majambazi wa suti nyeusi
wanachinjana bafuni, bomba likimwaga
tangu ngumi ya kwanza hadi maiti ya mwisho.
"Fungeni bomba!" walipiga kelele akina mama.
Msimu ule korosho ilikuwa na bei,
watu walijaa mpaka mlangoni,
jenereta likanguruma kama mjomba anayedai mahari.
Naye kwao alikuwa anapanda, nilijua:
magari ya kulipuka yaliongezeka,
majina ya mwishoni yakachukua dakika saba.

Halafu akatengeneza lile joka la baharini.
Loo.
Hata watoto waliiona zipu mgongoni.

Baada ya hapo, kimya. Miaka sita.
Kila nikishuka Mtwara kutafuta diski
nilimuuliza muuzaji: yule wa mvua je?
Labda kafa, akasema. Labda anafuga kuku.
Na mimi mwaka huo ubwiri unga ulikula maua yote,
salfa ikaja maua yameshadondoka,
nikauza jenereta kubwa nikabaki na hili linalokohoa.
Sikumlaumu mtu wa kuku.

Ya mwisho ilikuja kwenye diski yenye mikwaruzo.
Mzee mmoja anatengeneza miamvuli.
Basi.
Hakuna shoka, hakuna mzimu,
anakaa dukani saa nzima na ushee akingoja mteja,
na mvua hainyeshi.

Wakaanza kutoka mmoja mmoja.
Chilumba alidai mia mbili yake. Nikampa.
Nilikuwa na utani tayari, utani mzuri tu wa miamvuli,
lakini kipaza sauti nilikilaza magotini
kikabaki pale kama kitoto kilicholala.

Mzee akafungua mwamvuli ndani ya nyumba,
akasimama chini yake, akatazama juu,
akatega sikio.

Ukungu wa Shimo la Mungu ulikuwa umeshafika mlangoni.
Kumbe Somoe hakuondoka,
yuko benchi la mbele na ndoo yake tupu.
"Rudisha nyuma kidogo," akasema.
"Pale alipotega sikio."