Kipimahadithi

Fundi Chilongani, wa mizani za soko la Kibaigwa,
alikitoa matumbo kipima unyevu cha mahindi,
akakitia waya wa redio
na sindano ya kushonea magunia:
chombo cha kupima hadithi.

Shangazi Sechelela akakaa mbele yake, akipeta alizeti.
Akaanza na ya fisi na ngoma. Sindano kimya,
kisha ikaruka.
Ya bibi arusi aliyemeza mwezi. Ikaruka.
Hata ile ya kuchekesha,
ya mkwe aliyeficha ugali moto kofiani,
ikaruka.

Chilongani akachora kwenye karatasi ya mfuko wa saruji
vilima vitatu, akavilaza kimoja juu ya kingine.
Vikalingana kama nyayo za mtu mmoja.

"Mama, kila hadithi yako
kuna mtoto anatumwa maji, harudi."

Ungo ukasimama.
Makapi yakatua polepole juu ya miguu yake.
"Chombo chako," akasema, "kipimie mahindi."

Jioni akaja mwenyewe, bila kuitwa.
Akasimulia upya ile ya fisi:
mtoto karudi, ndoo imejaa,
kanga haijalowa hata pindo.
Tukapiga makofi.

Sindano ikaruka palepale.